Mfyatua Matofali wa Wakaliga

Leo namkumbuka Isaac Nabwana wa Uganda. Alifyatua matofali, udongo na kalibu kama tunavyojua sisi wa Kasongo na Kabambare, kabla ya kutengeneza filamu mtaani Wakaliga, Kampala. Kompyuta aliziunganisha mwenyewe kwa vipuri. Mwaka 2010 akatoa "Who Killed Captain Alex?": bunduki za vyuma chakavu, damu bandia, naye VJ Emmie anapiga domo juu ya picha kama mtani wa nyumbani. Diski ya kompyuta ilipojaa, akaifuta filamu yenyewe apate nafasi ya nyingine! Mimi ningelia. Ikabaki nakala hafifu ya DVD, ndiyo inayotazamwa hadi Marekani na Ulaya. Waigizaji, majirani zake, waliuza DVD za filamu zake nyumba hadi nyumba.