Hapa Pako Wazi

Mama husema kiwanja chetu cha Chang'ombe "alipewa". Sikuwahi kulihoji neno hilo mpaka mwaka huu, nilipokuwa nasomea tasnifu yangu ya uzamili juu ya siasa za ardhi, nikakutana na Wayahudi waliokaribia kuwa majirani zetu.

Aprili 1903, siku za Pasaka, Wayahudi wa Kishinev katika dola ya Urusi walishambuliwa na watu waliokuwa wakiishi nao mji mmoja. Karibu 50 waliuawa. Theodor Herzl, mwandishi wa habari wa Vienna aliyeongoza harakati za Wazayuni, alikuwa akibisha hodi kwa wakubwa wa Ulaya akitafuta mahali pa kuwapeleka watu wake. Aliyeitikia ni Joseph Chamberlain, waziri wa makoloni wa Uingereza. Miezi michache kabla alikuwa amepanda treni ya reli ya Uganda, akaziona nyanda za juu zenye baridi na kuona zingewafaa Wazungu. Agosti ofa ikaandikwa rasmi, na macho yakaelekezwa uwanda wa Uasin Gishu, ulipo mji wa Eldoret leo. Umebaki kuitwa Mpango wa Uganda, ingawa eneo hilo lilikuwa limeshahamishiwa upande wa Kenya mwaka 1902. (Ukigawa cha mtu, hata jina lake si lazima ulijue.)

Mwezi huohuo Wazayuni walikutana Basel. Wajumbe 295 walikubali tume itumwe kukagua, 178 wakakataa. Wengi wa waliokataa walitoka Urusi, Kishinev ikiwemo. Walitoka ukumbini, wengine wakaketi sakafuni wakilia kama wafiwa.

Nilisoma hapo mara mbili. Nilitamani wawe wanawalilia Wanandi. Wapi! Walikuwa wanaililia Yerusalemu. Walowezi wa Kiingereza, Lord Delamere akiwa mbele, nao walipinga, kwa kuwa ardhi hiyo waliitaka wenyewe. Tume ikaja, ikarudi, na mkutano wa 1905 ukaikataa ofa. Oktoba mwaka huohuo Koitalel arap Samoei, kiongozi wa Wanandi, aliitwa kwenye mazungumzo ya amani akapigwa risasi na afisa wa Kiingereza. Mwaka 1908 Makaburu wakaingia Uasin Gishu na magari yao ya ng'ombe.

Ni kweli uwanda ule ulikuwa na watu wachache. Wamasai walioupa jina walikuwa wametawanywa na vita vya karne ya 19. Lakini Wanandi walilisha ng'ombe huko. Mahali pa malisho, ukipita na treni, huonekana tupu.

Chamberlain hanisumbui, kugawa kisicho chako ni kosa ambalo hata mtoto analiona. Anayenisumbua ni mtu wa Kishinev ambaye angekubali. Nyumba imechomwa, ndugu wamezikwa, na mwenye mamlaka anakwambia njoo, hapa pako wazi. Utaanza kuuliza ni pa nani?

Mama hakuuliza. Baba alipofariki, ndugu zake walichukua nyumba na mifugo, na mama akaja Dodoma na watoto wawili na godoro. Mtu mmoja wa mtaani alimwonyesha kipande cha ardhi, akapokea hela kidogo ya "soda", akasema hapa pako wazi. Tangu TANU iamue mwaka 1973 kuhamishia makao makuu huku, mashamba mengi ya Wagogo yamekuwa viwanja, kwa hiyo maneno hayo hayakumshangaza yeyote. Mvua za kwanza ziliponyesha, alikuja bibi mmoja na jembe begani. Akautazama msingi wetu. Akatusalimu, "Mbukwenyi," akaondoka.

Bado anakuja kila msimu. Mama humpa sukari na unga, na bibi hupokea kwa mikono miwili. Sijui anapokea zawadi au kodi. Niliwahi kumwambia mama tumuulize. Akanijibu, "Akisema ni pake, mwanangu, utanipeleka wapi?"

Sikuwa na jibu, na tasnifu yangu haina pia.

Wiki iliyopita mama aliniletea fomu ya urasimishaji nimjazie. Jina, ukubwa, majirani wa pande nne, vyote nimeandika. Pamebaki mstari unaouliza eneo lilipatikanaje. Mama amekaa mkekani anachambua mchicha, ananiambia niandike "nilipewa".

Na nani, mama?

Anaendelea kuchambua.