Jina la Amani Limetuletea Vita

"Padre, nimejaliwa mtoto wangu wa kwanza, msichana. Kwetu ni desturi msichana wa kwanza aitwe jina la mama wa mume. Lakini mimi na mama mkwe hatujapatana tangu siku za mahari. Nikiwa bado hospitalini nilimwandikisha mtoto jina Irene, nikaongeza la baba yake, basi. Mume wangu aliposoma ile karatasi alinyamaza. Miezi miwili sasa hamwiti mtoto kwa jina. Husema tu, 'huyo mtoto wako.' Ubatizo tumeuahirisha mara mbili. Naomba uniandikie maana ya jina Irene, nimwonyeshe mume wangu kwamba sikukosea."

Mama mpendwa, asante kwa barua yako, na pongezi kwa mtoto. Maana ya jina nitakupa. Ila sijui kama itakusaidia kushinda kesi uliyoifungua, maana jina ulilolichagua ni gumu kulibeba kama rungu.

Irene ni neno la Kigiriki, eirene, nalo maana yake ni amani. Watoto wa jirani watamwita Airini kwa matamshi ya Kiingereza, Wagiriki wa leo husema Irini, na Waitaliano hutamka kama sisi tunavyolisoma. Kabla ya Kristo, Wagiriki walilitumia kwa mmoja wa miungu yao wa kike. Walisimulia kwamba alikuwa na ndugu wawili wa kike, Haki na Utaratibu Mwema, wote binti za mama mmoja. Wapagani wale hawakumjua Mungu wetu, lakini hapo waliona jambo ambalo wana ndoa wengi hawalioni mpaka nyumba inapowaka moto: amani haizaliwi peke yake. Anayetaka amani nyumbani huku haki ya mwenzake ameikalia, anamtaka dada mmoja na kuwafungia wengine wawili mlango. Mjini Athens, kama miaka 370 kabla ya Kristo, mchongaji mmoja aitwaye Kephisodotos alitengeneza sanamu ya huyo Eirene akiwa amempakata mtoto mchanga, na mtoto huyo ni Utajiri. Yaani mali hulelewa na amani. Nyumba zenu za leo nyingi zimegeuza, zinatafuta mali kwanza.

Halafu neno hilo likaingia katika Maandiko Matakatifu. Wayahudi walipoyatafsiri kwa Kigiriki, pale penye shalom ya Kiebrania wakaandika eirene. (Shalom ni ndugu wa salaam ya Kiarabu, iliyotupatia sisi salamu na salama. Na jina Salome nalo limetoka katika shalom. Kama ukoo wenu una nyanya anayeitwa Salome, yeye na Irene wanabeba mzigo mmoja kwa lugha mbili.) Kwa hiyo katika Injili ya Yohane, Bwana mfufuka anapowasalimia mitume waliojifungia ndani kwa hofu, neno lililoandikwa ni hilo hilo la binti yako. Angalia alimsalimia nani. Waliomkimbia, na Petro aliyemkana. Hakungoja waombe radhi kwanza.

Sasa tuwaone waliolibeba jina hili. Mwaka 303 Kaisari Diokletiano aliamuru vitabu vitakatifu vya Wakristo vichomwe. Mjini Thesalonike walikuwako ndugu watatu wa kike, Agape, Chionia na Irene: Upendo, Theluji na Amani. Walikamatwa mwaka 304. Wawili wa kwanza walichomwa moto kwa kukataa kula vyakula vilivyotolewa sadaka kwa miungu. Irene alikutwa pia ameficha vitabu vya Wakristo. Hakimu akaamuru apelekwe nyumba ya makahaba ili aaibishwe, lakini hakuna aliyemgusa. Mwishowe naye akauawa. Kwa hiyo amani yake haikuwa ya kukubali kila kitu ili watu wasikasirike. Najua, mama, hapo utasema, "Na mimi vilevile nilisimama imara." Ngoja kidogo. Irene wa Thesalonike alisimama mbele ya adui wa imani. Wewe ulisimama mbele ya mama aliyemzaa mume wako.

Na kuna Irene mwingine ambaye ni lazima nikuambie habari zake, hata kama hazipendezi. Alizaliwa Athens, akawa malkia wa Konstantinopoli. Kanisa lina sababu ya kumkumbuka, kwa kuwa yeye ndiye aliyeuitisha Mtaguso wa pili wa Nikea mwaka 787, uliorudisha heshima ya picha takatifu. Lakini aligombania kiti na mwanawe mwenyewe, Konstantino wa 6, na mwaka 797 watu wake walimtoa kijana huyo macho. Mama aitwaye Amani! Akatawala peke yake miaka 5, naye akapinduliwa. Tangu niliposoma habari hiyo nimeacha kuwaambia wazazi kwamba jina zuri humfanya mtoto mzuri. Jina ni kama shati tulilomnunulia mtoto likiwa kubwa. Atalijaza au hatalijaza, na atajifunza kulijaza kwa kutazama wakubwa wa nyumba.

Nadhani lakini hukumchagua Irene wa Thesalonike wala yule malkia. Hapa Kenya akina Irene wengi wamepewa jina hilo kwa sababu ya Mwenyeheri Irene Stefani, na habari zake ndizo ningependa ukae nazo. Alizaliwa Anfo, Italia, tarehe 22 Agosti 1891, akabatizwa Mercede. Irene ni jina alilolipokea alipojiunga na Masista wa Konsolata. Alifika Kenya mwaka 1915, wakati wa vita vikuu vya kwanza, akawauguza wapagazi wa jeshi Voi, Kilwa, Lindi na Dar es Salaam. Hao ndio watu wa Carrier Corps, walioacha jina Kariokor pale Nairobi na Kariakoo kule Dar es Salaam. Walikufa wengi mno, na wengi hawakuandikwa mahali popote. Toka mwaka 1920 alikaa Gikondi, Nyeri, akifundisha, akipanda na kushuka vilima kwa miguu kutembelea wagonjwa. Akawaandikia barua akina mama ambao watoto wao walikwenda kutafuta kazi mbali, akawasomea majibu. Alikufa tarehe 31 Oktoba 1930, akiwa na miaka 39, kwa tauni aliyoipata akimuuguza mwalimu mmoja. Alitangazwa mwenyeheri pale pale Nyeri tarehe 23 Mei 2015.

Lakini watu wa Gikondi hawakumwita Irene. Walimwita Nyaatha, mama wa huruma. Yeye alikuja na jina la Kigiriki kutoka Italia, na wazee wa kijiji wakampa lao, naye akalipokea. Hakuwaambia, "Mimi nina jina langu tayari." Leo Kanisa lote linamjua kwa majina yote mawili.

Unaona ninakokwenda. Ulipoandika Irene peke yake, hukuwa unachagua tu jina la mtakatifu. Ulikuwa unafuta jina la mtu. Kwa desturi yenu, nyanya akirudi katika mjukuu wake anajua hatasahauliwa, na mume wako anajua amemlipa mama yake deni ambalo pesa hailipi. Kanisa halikudai umnyang'anye hilo. Kanuni ya 855 ya sheria za Kanisa inataka tu mtoto asipewe jina lililo kinyume na roho ya Kikristo. Jina la nyanya halina ubaya huo.

Nawe bwana, maana naamini ukurasa huu utakufikia: umekosewa, ndiyo. Jina la mtoto ni la kuzungumzwa na wawili, na mkeo alikwenda peke yake. Lakini mtoto wa miezi miwili hakuandika karatasi ile. Ukimwita "huyo mtoto wako" unamwadhibu asiye na kosa, na atakapofika umri wa kuelewa utakuwa umeshazoea. Na swali moja: siku zile za mahari, mama yako na mkeo walipokosana, wewe ulikuwa wapi? Waume wengi hunyamaza wakati huo, wakidhani kunyamaza ni amani, kisha wanashangaa vita vikizuka kwenye karatasi ya hospitali.

Kuhusu karatasi yenyewe msiogope. Sheria ya Kenya ya kuandikisha vizazi inawapa wazazi miaka 2 tangu kuandikishwa kuomba jina la mtoto libadilishwe au liongezwe. Nendeni kwa msajili pamoja, si mmoja kwa siri tena.

Ila kabla ya msajili kuna safari nyingine. Mama, mbebe mtoto mwende kwa mama mkwe, wewe na mumeo. Usimtume shangazi wala mwanajumuiya. Usianze na habari za mahari. Hizo zina siku yake, na mume wako awepo siku hiyo. Mweke mtoto mikononi mwake, umwombe jina. Akikupa, umwambie na lile la Irene lilikotoka. Yawezekana sana anamjua Nyaatha kuliko mimi na wewe; wazee wa upande huo walisimuliwa habari zake na mama zao.

Kisha niandikie tarehe ya ubatizo.