Je, Aliyeona Akanyamaza Ana Hatia?



Sisi tukaao Makwale na ufuoni mwa Ziwa Nyasa twajua desturi moja isiyohitaji mwalimu. Mtumbwi ukikawia kurudi, na upepo umevuma, watu hawaulizi kwanza waliomo ni wa nyumba gani. Huenda ufuoni wote. Na mtu aliyeuona mtumbwi ule mara ya mwisho huitwa upesi, aseme aliuona wapi na saa ngapi. Kama angenyamaza, tungesema ya kuwa ameshiriki kuwazamisha wenzake.

Lakini wako watu wapoteao nchi kavu, na huko desturi yetu hugeuka. Usiku wa kuamkia tarehe 2 Mei 2025, Mdude Nyagali, mwanaharakati wa chama cha Chadema, alichukuliwa nyumbani kwake Mbeya. Mkewe akaenda Mahakama Kuu mjini humo kuomba mumewe aletwe. Mwaka uliotangulia, mwezi wa Agosti 2024, maombi ya namna iyo hiyo yalipelekwa Mahakama Kuu ya Dar es Salaam kwa ajili ya Deusdedit Soka na wenzake wawili. Polisi walikana kuwa nao. Maombi yote mawili yalikataliwa, kwa kuwa haikuthibitishwa mbele ya mahakama ya kwamba watu hao wamo mikononi mwa polisi.

Yafaa tuelewe maombi hayo ni nini. Wanasheria huyaita kwa Kilatini habeas corpus, maana yake, uwe na mwili. Bunge la Uingereza liliitungia sheria njia hiyo mwaka 1679, na kwetu imo katika Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya mwaka 1985. Jaji haulizi kwanza kama mtu amekosa. Humwagiza amshikaye amlete, aonyeshe amemshika kwa haki gani. Walakini amri hiyo haipelekwi hewani. Sharti amshikaye ajulikane. Naye atakiwaye kuthibitisha ni mwombaji, ambaye pengine hana kitu ila machozi yake. Basi maombi hayo husimama kwa miguu ya mashahidi.

Hapo ndipo twaulizwa sisi. Torati, katika Mambo ya Walawi sura ya 5, humhesabia hatia mtu aliyeona au kujua jambo, akaitwa kulishuhudia, asiseme. Angalieni: mtu huyo hakuiba, wala hakupiga. Dhambi yake ni kimya chake.

Mtu atajibu, Mchungaji, nina watoto. Nikisema leo, kesho nitachukuliwa mimi. Jibu hili hatulidharau. Petro mwenyewe, uani kwa Kuhani Mkuu, alimwogopa hata kijakazi. Tena si haki sisi tulio salama mimbarani kumtwika mtu mmoja mzigo wa wote. Kwa hiyo twaona hivi: hatia ya kimya haimwangukii mnyonge yule peke yake, yauangukia na usharika uliomwacha awe peke yake. Mtumbwi hautafutwi na mtu mmoja.

Basi yatupasa nini? Kwanza, aliyeona na aandike mara moja siku, saa, mahali, na alama za gari, kabla kumbukumbu haijafifia; na asiende peke yake kutoa habari, bali afuatane na wazee wa kanisa. Pili, asiyeona asiseme ameona. Kusikia si kuona, na ushuhuda wa uongo waweza kumfunga asiye na kosa na kuyaharibu maombi ya kweli. Tatu, wainjilisti na waitembelee nyumba iliyopotelewa, hata baada ya mahakama kukataa. Maana jaji ameamua kama fulani anamshika mtu yule. Hakuamua ya kuwa mtu yule asitafutwe tena.

Nao wenye mamlaka wasidhani ya kuwa kusema, Hatunaye, ndiyo kulimaliza neno. Aliyepewa askari na madaftari ili awalinde watu, adaiwa zaidi ya kukana: adaiwa kutafuta. Ni vigumu kuona haki mama asiye na kitu akitakiwa kujua mengi kuliko yeye.

Mungu alipomwuliza Kaini habari za ndugu yake, hakuuliza kwa sababu hajui. Aliuliza ili Kaini apate nafasi ya kusema. Nasi tungali tunayo nafasi hiyo. Bwana atupe moyo wa kusema kweli, na miguu ya kwenda pamoja na asemaye. Amina.