Mgeni ni Nani Mtaa wa Kongo?

Mwishoni mwa Julai 2025, amri ya Waziri wa Viwanda na Biashara ilipotoka, mimi nilishangilia. Nakiri mapema, msomaji asije akadhani naandika haya kwa kuwa Wachina ni rafiki zangu. Nauza mabegi kwenye fremu ndogo hapa Kariakoo, na ile orodha ya biashara 15 ambazo asiye raia haruhusiwi tena kuzifanya niliwasomea wenzangu kwa sauti: jumla na rejareja, uwakala wa fedha kwa simu, ufundi simu, saluni, udalali, kununua mazao shambani. Faini isiyopungua shilingi milioni 10, kifungo cha hadi miezi sita, kufutiwa viza na kibali cha ukaazi. Jirani yangu akatununulia soda sote.

Furaha ile haikuwa ya chuki. Kwa miaka nilichukua mzigo kwa Mchina mmoja ghorofani, kwa dazeni. Siku moja akashuka chini, akafungua duka, akaanza kuuza begi moja moja kwa bei ileile aliyokuwa ananiuzia mimi dazeni. Sasa mimi nile wapi? Mwenye nyumba anataka kodi ya mwaka mzima mkononi, watoto wanataka ada. Wahenga walisema mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Huyu tulimpa, akalima hadi uani kwetu.

Jioni nilimpelekea habari mjomba, kaka yake mama, kijiweni anakokunywa kahawa. Alisikiliza mpaka mwisho, akaweka kikombe chini. "Sasa mwanangu, babu yako naye angepewa leseni?"

Babu mzaa mama alikuwa Mmanyema. Alivuka Ziwa Tanganyika akitokea Kongo, akapanda treni Kigoma, akashukia Dar akauza ndizi na baadaye kanga. Mtaa nilio na fremu yangu unaitwa Kongo. Jirani upo wa Nyamwezi, na upo wa Pemba. Upo Aggrey, jina la msomi aliyezaliwa nchi ambayo leo ni Ghana, na Livingstone, Mskoti. Kariakoo yenyewe ni ulimi wetu tu ulivyolitamka jina la Carrier Corps, jeshi la wapagazi wa Waingereza katika vita vya kwanza. Ukiwaondoa waliokuja, sijui nani atabaki kufungua maduka asubuhi.

Mjomba hakuishia hapo. Mwaka 1944 serikali ya kikoloni ilitunga sheria ya kuwaondoa mijini wale iliowaita wenyeji wasiotakiwa. Asiye na kazi ya kueleweka alirudishwa kwao, na muuza ndizi wa barabarani hakuwa na kazi ya kueleweka. Tukapata uhuru. Mwaka 1983 ikaja Nguvukazi, na safari hii waliokamatwa mitaani Dar na kurudishwa vijijini walikuwa raia, Watanzania wa Lindi na Singida. "Mgeni," alisema mjomba, "ni yule ambaye mwenye karatasi hajampa karatasi."

Nilimbishia. Nilimwambia nchi isiyojua nani ni wake si nchi, ni stendi. Na bado naamini hivyo. Lakini swali la nani ni wetu tuliwahi kulijibu. Oktoba 1961, kabla hata ya Uhuru, wabunge kadhaa walitaka uraia wa Tanganyika uwe wa Waafrika peke yao. Nyerere aliukataa msimamo huo kwa hasira, na akasema serikali yake ingejiuzulu kuliko kuukubali. Hoja yake nyepesi kuisema, ngumu kuiishi: ukianza kumpima mtu kwa asili yake badala ya utii wake kwa nchi, hutajua pa kusimama.

Wenzetu walipita njia hii. Mwaka 1967 Kenya ilipitisha sheria ya leseni iliyowafungia wasio raia baadhi ya maeneo na bidhaa. Wahindi wengi waliokuwa na pasipoti za Uingereza wakaanza kuondoka. Machi 1968, kwa haraka ya siku chache tu, London nayo ikatunga sheria ya kuwazuia wasiingie. Mtu yuleyule akawa mgeni Nairobi na mgeni kwenye nchi ya pasipoti yake. Na amri yetu ya 2025 haikuwagusa Wachina tu. Mkenya mwenye saluni Dar naye yumo, na Kenya ililalamika, ikitaja soko la pamoja la Afrika Mashariki. Wangelipiza, Mtanzania aliyeko Gikomba angejibu nini?

Sisemi Mchina yule alikuwa na haki. Mtu aliyeingia na kibali cha uwekezaji kisha akauza begi moja moja amedanganya, na asiyetoa risiti ameiba. Hayo ni makosa ya matendo, na yeyote anaweza kuyatenda, nikiwemo mimi. Mwaka 2011 naibu waziri aliwapa wageni wa Kariakoo siku 30 waondoke. Hawakuondoka, kwa sababu wenye nyumba zetu waliendelea kupokea kodi zao, na sisi tuliendelea kuchukua mzigo kwao.

Juzi Mchina wangu alikuja. Leseni yake inakaribia kuisha na haihuishwi. Aliomba duka liandikwe jina langu, yeye akae nyuma. Raia anayesaidia hivyo naye ana faini ya milioni 5 na kifungo cha miezi mitatu. Nilikataa. Lakini sikwenda kumripoti, na mzigo wake bado nauchukua.

Wiki hiyohiyo mama mmoja kutoka Mbagala alishika begi la mwanawe akaniuliza kwa nini limepanda bei. Nilimwambia, "Mambo yamebadilika, dada." Kilichobadilika ni kwamba sasa nauza bila mpinzani. Alitoa hela, akahesabu mara mbili. Tangu siku hiyo najiuliza nilishangilia nchi yangu au bei yangu.