Ukituma Kadi, Umekuwa Mpokezi wa Hadithi

  

Ndugu zangu katika imani, kila mwaka Shaaban ikikaribia kwisha, simu zetu hupokea picha ileile. Mwezi mwandamo wa rangi ya dhahabu, fanusi inaning'inia pembeni, kuba la kijani la Msikiti wa Mtume liko chini, na katikati maandishi meupe: eti Mtume amesema kwamba wa kwanza kuwapasha watu habari za kuingia Ramadhani, Moto ni haramu kwake. Shangazi anawatumia wapwa zake, kiongozi wa kundi la ukoo anaituma, na mtoto wa kidato cha pili anaiweka kwenye stetasi yake. Nia zao wote njema. Lakini maneno hayo hayana isnadi, yaani safu ya wapokezi, wala hayamo katika kitabu cha hadithi kinachotegemewa. Wanazuoni wameulizwa mara nyingi, na jibu ni moja: hayana asili.

Wapo masheikh wetu walioghadhibishwa na mambo haya mpaka wakafunga mlango mzima, kadi zote zikawa upuuzi. Mimi siendi nao huko. Kuliambatanisha neno la kheri na kitu cha kutazamwa si jambo geni katika dini hii. Mwenyezi Mungu katika Suratul Ghashiya anatutaka tumtazame ngamia alivyoumbwa, mbingu zilivyoinuliwa, milima ilivyosimamishwa. Na Mtume (s.a.w.) mwenyewe alichora. Imam Bukhari amepokea kutoka kwa Abdullah bin Masud kwamba Mtume alichora mraba, kisha mstari katikati yake uliotokeza nje ya mraba, kisha vijistari vidogo ubavuni mwa ule mstari wa katikati. Akawaeleza maswahaba: huyu wa katikati ni mwanadamu, mraba uliomzunguka ni ajali yake, yaani mwisho wa umri wake, sehemu iliyotokeza nje ni matumaini yake, na vijistari ni misukosuko ya dunia, akikwepa huu, unamuuma ule. Hebu tuitafakari picha hiyo. Haina rangi wala pambo. Tumaini la mtu limevuka ukuta wa umri wake, naye mwenyewe yumo ndani, hatoki. Kila mstari umebeba maana, na hakuna mstari wa urembo tu.

Wazee wetu wa pwani nao walilijua hilo. Msikiti wa Kizimkazi, kusini mwa Unguja, una maandishi ya Kikufi kwenye mihrabu yake, yamechongwa katika jiwe la matumbawe na kuwekewa tarehe ya mwaka 500 Hijria, yaani 1107 Miladia. Fundi anayechonga herufi kwenye jiwe hana nafasi ya kuandika asichokijua, maana jiwe halifutiki. Sisi tunaandika juu ya kioo cha simu, na wepesi huo ndio uliotuponza.

Basi picha haina kosa. Kosa liko kwenye amana ya kauli. Ukituma kadi iliyoandikwa "Mtume amesema", hujapitisha picha tu, umesimulia hadithi. Jina lako limeingia katika safu ya wapokezi, baada ya yule aliyekutumia na kabla ya wale uliowatumia. Na Mtume (s.a.w.), katika hadithi waliyoipokea maswahaba wengi mno, amemuahidi anayemzulia uongo kwa makusudi kwamba makazi yake ni Motoni. Utasema, mimi sikukusudia. Naam, lakini katika utangulizi wa Sahihi Muslim imo hadithi nyingine inayotueleza kwamba yamtosha mtu kuwa muongo kule kusimulia kwake kila anachokisikia. Huyo hakutunga chochote. Alisikia, akapeleka mbele.

Tazama maswahaba walivyoichunga amana hii. Abu Musa al-Ashari (r.a.) alikwenda kwa Sayyidna Umar (r.a.), akabisha hodi mara tatu, hakujibiwa, akaondoka. Umar alipomuuliza kwa nini, akasema amemsikia Mtume akiagiza kwamba anayeomba ruhusa mara tatu asipopewa na arudi. Umar hakulipokea hivihivi. Alimtaka shahidi. Abu Musa, swahaba mkubwa, akatoka amefadhaika, akawaendea Answari waliokuwa wamekaa barazani. Wakacheka, wakamwambia hilo atakushuhudilia mdogo wetu kuliko wote, na akainuka Abu Said al-Khudri kwenda kushuhudia. Umar hakumtuhumu mwenzake. Alichelea watu wasije wakajizoesha kumsingizia Mtume maneno. Na hayo ni juu ya hodi, mlangoni Madina, si muda mrefu baada ya Mtume kufariki. Sisi tunapokea ahadi ya kuepushwa na Moto kutoka kwa mtu tusiyemjua, tunaituma kabla chai haijapoa.

Uzuri wa picha umechukua nafasi ya isnadi, huo ndio ugonjwa wenyewe. Moyo ukishaona Kaaba na maandishi ya dhahabu unaridhika, hauulizi tena nani kapokea. Maneno hayohayo yangeandikwa kwa kalamu ya risasi kwenye karatasi ya kufungia maandazi, tungeuliza.

Wala tusidhani simu ndiyo iliyoleta fitina hii. Mwaka 1908, enzi ya Mjerumani, huko Lindi na sehemu nyingine za pwani ilienea barua iliyosemekana imetoka Makka, mpaka watawala wakaingiwa na hofu. Wengi wetu tumeukuta wasia wa aina hiyo kwenye karatasi za fotokopi: Sheikh Ahmad, mtumishi wa kaburi la Mtume, kaota ndoto, anayeunakili na kuugawa atapata kheri, anayeupuuza atapata msiba. Sheikh Ibn Baz aliandika kuukanusha. Leo wasia huohuo umevaa picha ya machweo na unataka upelekwe kwa watu kumi. Dini yetu haina malaika anayehesabu ujumbe uliotumwa ili ateremshe balaa.

Hasara nyingine ni kwamba haya ya kuzua yanafukuza yaliyo sahihi. Tunabandika "tafuteni elimu hata China", ilhali Ibn al-Jawzi, aliyefariki mwaka 597 Hijria, ameyaweka katika kitabu chake cha hadithi za kutungwa. Na tunayo ile ya Ibn Majah kwamba kutafuta elimu ni faradhi kwa kila Muislamu. Tunaandika kwenye ukuta wa madrasa kuwa usafi ni sehemu ya imani, na hali Muslim amepokea kwa Abu Malik al-Ashari kwamba twahara ni nusu ya imani, tena hiyo ina uzito zaidi. Tumeacha johari mkononi tukaokota kigae.

Na hata lililo sahihi, ndugu yangu, lisome kwanza wewe. Abu Abdur-Rahman as-Sulami anatusimulia kwamba waliomfundisha Qur'ani yeye na wenzake walikuwa wakijifunza aya kumi, hawazivuki mpaka wamejua elimu iliyomo na kuifanyia kazi. Mtu anayetuma kadi ya subira asubuhi, saa mbili akamtukana kondakta kwa ajili ya chenji, kadi ile imempita kama upepo. Chukua moja kwa wiki. Kaa nayo, itende, halafu ndiyo umpe mwenzako.

Uliyokwisha kuyatuma na sasa umejua si sahihi, yafute, uwaandikie walewale uliowatumia uwaambie. Ukimuona mwingine katuma, mfuate faraghani kwa adabu. Usimuaibishe mtu mzima mbele ya wajukuu zake. Usipojua, muulize sheikh wa mtaa wako, na kumuuliza si fedheha.

Na nyinyi vijana wetu mnaozitengeneza kadi hizi, mna kipaji, Mwenyezi Mungu awazidishie. Acheni nafasi chini ya picha, muandike jina la swahaba aliyepokea, jina la kitabu na namba ya hadithi, kwa herufi ambazo bibi atazisoma bila miwani. Mkikosa cha kuandika hapo, kadi hiyo msiitoe.