Mtu wa Aya Moja



Tarehe 30 Agosti 2001, huko Vatikano, Papa Yohane Paulo wa Pili alitazama filamu mpya kutoka nchini kwake Poland. Ilikuwa Quo Vadis ya mwongozaji Jerzy Kawalerowicz, iliyotokana na riwaya ya Henryk Sienkiewicz kuhusu Wakristo wa Roma wakati wa Nero. Papa mwenyewe aliwahi kuwa mwigizaji ujanani, katika kikundi kilichoonyesha michezo kwa siri mjini Kraków wakati Wajerumani wameikalia nchi. Siku ile, basi, mrithi wa Petro alimtazama Petro kwenye skrini. Aliyemwigiza ni Franciszek Pieczka, mzee wa miaka 73, na ndiye ninayetaka tumtafakari wiki hii.

Pieczka alizaliwa mwaka 1928 katika kijiji cha Godów, eneo la Silesia, kwenye nchi ya wachimba makaa ya mawe. Baada ya vita na yeye alifanya kazi mgodini kabla ya kwenda Warsaw kusomea uigizaji. Mwaka 1955 akaanza kazi katika jumba la maonyesho la Nowa Huta, mji wa wafanyakazi wa kiwanda cha chuma kando ya Kraków. Serikali ya kikomunisti iliupanga mji ule bila kanisa hata moja, na waumini walihangaika miaka mingi mpaka 1977, Kardinali Karol Wojtyła, ndiye Papa Yohane Paulo wa Pili wa baadaye, alipowabarikia kanisa lao. Katika mji huo Pieczka alimwigiza Lennie wa John Steinbeck, kibarua mwenye nguvu za kutisha na akili ya mtoto.

Alikuwa na mwili mkubwa, uso mpana na sauti nzito yenye utulivu. Katika sinema mwili wa namna hiyo una kazi zake zinazojulikana: mkulima, mtumishi, askari wa kawaida, mlevi wa kilabuni. Kizazi chake kilikuwa na Zbigniew Cybulski, kijana wa miwani myeusi aliyekuwa steringi wa filamu ya Andrzej Wajda ya mwaka 1958, Popiół i diament. Huyo ndiye vijana waliyetaka kufanana naye. Pieczka alipewa wale wanaosimama pembeni. Kawalerowicz alimpa nafasi ndogo mwaka 1961 katika Matka Joanna od Aniołów. Kisha, katika tamthilia ya televisheni Czterej pancerni i pies, akawa Gustlik, askari wa kifaru mwenye nguvu nyingi na roho safi, aliyeongea kwa lafudhi ya Silesia, lafudhi ya nyumbani kwao Pieczka. Poland nzima ikampenda.

Lakini filamu ninayowasihi muitafute ni Żywot Mateusza ya Witold Leszczyński, ya mwaka 1967. Mateusz ni mtu mzima anayeishi na dada yake kando ya ziwa. Majirani wanamwona mjinga. Kazi za vibarua zinamshinda, na dada yake ndiye anayewalisha wote wawili kwa kufuma. Ndege kupita juu ya paa lao, kwake ni tukio la kuamshia watu usingizini, na mwindaji anapomuua ndege huyo, Mateusz anaumia kama aliyefiwa. Mwigizaji mwingine angetuchekesha na mtu huyu, au angetutoa machozi ya bure. Pieczka anamwigiza kama mtu mwenye akili yake, anayeona vitu ambavyo sisi wenye haraka hatuvioni. Ukimtazama, unaanza kuwaonea mashaka wale wanaomwita mjinga.

Mwaka 1982 Kawalerowicz alimpa nafasi kuu katika Austeria. Humo Mkatoliki huyu wa Silesia ni Tag, mzee wa Kiyahudi mwenye nyumba ya wageni, anayewafungulia mlango wakimbizi Vita Kuu ya Kwanza inapoanza. Halafu likaja joho la Petro katika Quo Vadis. Filamu inamalizika Mtume akirudi Roma, na mji ulio mbele yake ni Roma ya leo. Uso ni ule ule wa watumishi na wakulima wake wa zamani, na naona Kawalerowicz alipatia kabisa, maana mvuvi wa Galilaya hakuwa na uso wa mfalme.

Ndipo nikamkumbuka Simoni wa Kirene. Katika Marko 15 ana aya moja tu. Anatoka shamba, anapita njia yake, wanamlazimisha kuubeba msalaba wa Bwana, basi; hatumsikii tena. Hata hivyo Marko, mwinjili asiyependa maneno mengi, anatuambia kwamba huyu ni baba yao Aleksanda na Rufo. Katika nafasi finyu namna ile akaona ni lazima tujue kwamba mtu huyu ana watoto, na watoto wana majina. Askari walihitaji bega tu. Mwinjili akamwona baba. Pieczka aliifanya kazi hiyo hiyo kwa zaidi ya miaka 60: kila mtu wa pembeni aliyepewa, alimwigiza kama mtu mwenye nyumba yake na huzuni zake.

Mwaka 2017 Poland ilimpa nishani yake ya juu kabisa, ya Tai Mweupe. Alifariki Septemba 23, 2022, akiwa na miaka 94. Wapoland wengi walikuwa wamezoea kumwona kama mzee Japycz wa tamthilia ya Ranczo, anayekaa na wenzake kwenye benchi mbele ya duka la kijiji.

Wapendwa, parokiani kwetu kuna watu tunaowajua kwa kazi zao tu: yule wa geti, yule anayefagia, yule mama wa maua ya altare. Wengine tunapokea huduma yao miaka nenda rudi na hatujawahi kuwauliza wanatoka wapi. Jumapili hii, Misa ikiisha, usikimbilie gari. Nenda kwa mmoja wao, msalimie, muulize jina lake na majina ya watoto wake, kisha uyataje katika sala zako za jioni.