Utabiri Ukikosea, Analipa Nani?

Gary Stevenson alizaliwa mwaka 1986 huko Ilford, mashariki mwa London, kwenye familia ya kipato kidogo. Alikuwa na kichwa cha hesabu. Akasoma London School of Economics, na mwaka 2008, mabenki yakiwa yanayumba, akaajiriwa Citibank. Kazi yake ilikuwa kubashiri riba: itapanda au itabaki chini?

Mwaka 2011 wataalamu wengi walisema uchumi unapona, riba itapanda karibuni. Yeye akaweka fedha upande wa pili. Yaani aliwaza hivi: watu niliokua nao hawana hela, mali zao zinaishia kwa matajiri, sasa nani atanunua vitu hadi uchumi uinuke? Riba ya Benki Kuu ya Uingereza, iliyowekwa asilimia 0.5 Machi 2009, ilikaa palepale hadi Agosti 2016, na hapo ilishushwa tena. Stevenson aliacha kazi mwaka 2014 akiwa milionea. Leo anaupinga uchumi unaofundishwa vyuoni.

Anasema mahesabu mengi ya wachumi humsimamisha mtu mmoja wa wastani badala ya watu wote, kwa hiyo pengo kati ya mwenye nacho na asiye nacho halionekani kwenye karatasi. Hapa kambini hilo halihitaji digrii. Kaya inauza unga wa mgao wiki ya kwanza ili ilipe deni la duka. Mwenye duka anauhifadhi, na wiki ya nne anaiuzia kaya ileile kwa bei ya juu. Ukipiga wastani wa zoni nzima, unga upo. (Ndugu zetu wa mashirika msikasirike, fomu zenu tunazijaza kila mara.)

Nilipomsimulia mzee jirani yangu, aliniuliza: "Mwanangu, huyo si alikula umaskini wa wenzake? Leo anatuhubiria nini?"

Swali lake ni la haki. Stevenson hakuwafukarisha watu wa Ilford, lakini kadiri hali yao ilivyokuwa ngumu, yeye aliongezewa. Ni kama mwenye duka wetu. Yeye hakupunguza mgao. Anajua tu kwamba wiki ya nne itafika.

Hata hivyo, mikono michafu haiifanyi hesabu kuwa ya uongo. Wapo waliofanya kazi naye wanaobisha kwamba alikuwa bora kuliko wote kama anavyojigamba. Mimi naona huo ni ugomvi wao. Kinachonikera ni kingine. Mchumi aliyekosea alirudi mwaka uliofuata na utabiri mwingine, mshahara ukiingia vilevile. Mbashiri wa benki akikosea anapoteza fedha, ndiyo maana alilazimika kuwatazama watu walivyo. Na yule ambaye makosa yote hayo yanamfanya ale mara moja kwa siku, haulizwi kabisa.

Mama mmoja huuza maandazi karibu na bomba letu la maji. Yeye hujua kabla ya mtu yeyote kwamba kaya zimeishiwa, maana andazi lililolipiwa jana, leo linakopwa. Ujuzi wa namna hiyohiyo ndio Stevenson aliouzia benki. Mama yetu akiuleta kwenye mkutano wa ugawaji, unaandikwa chini kabisa, kwenye "mengineyo".